Rojo la Jibini Limekatika Dakika 20 Kabla ya Mechi: Dalili, Chanzo na Tiba

Kama sufuria iko mbele yako sasa hivi na mafuta yameelea juu kama mchuzi wa kuku wa kienyeji, itoe motoni kwanza, halafu ndipo uendelee kusoma. Kuiacha motoni ndilo kosa linaloongoza, na kila dakika ya ziada juu ya jiko inazidi kuliharibu rojo.

Tunazungumzia rojo la jibini la moto la kuchovya, lile linalowekwa katikati ya meza siku ya watani wa jadi, watu wakachovya chipsi, mihogo na vipande vya sangara huku macho yako kwenye runinga. Marekani ndiko lilikozoeleka zaidi. Siku ya Super Bowl, fainali ya ligi yao ya mpira wa Kimarekani, bakuli la namna hii ni kitu cha kawaida mezani, na kwa kuwa mpira wao una ncha mbili, mapambo hufuata umbo hilo. Hapa Mwanza mapambo yanayoeleweka ni kiwanja cha soka, au sinia moja iliyogawanywa: nusu nyekundu ya Simba, nusu ya njano na kijani ya Yanga. Mapambo nayo yana balaa lake, tutalifikia.

Ili tuelewane, vipimo vyote vinarejea kwenye sufuria hii ya watu 10 hadi 12: maziwa lita 1, siagi gramu 60, unga wa ngano gramu 60 (vijiko 7 vya chakula vilivyosawazishwa), jibini ya cheddar gramu 400, jibini ya mozzarella gramu 200, na vipande 4 vya jibini ya kusindikwa, zile bapa zinazofungwa kimoja kimoja kwenye karatasi ya plastiki. Unga unakaangwa kwenye siagi kwa moto mdogo dakika 2, mpaka harufu ya unga mbichi iishe. Maziwa ya uvuguvugu yanaingia kidogo kidogo huku mchapo wa kupigia mayai ukifanya kazi, yanachemka taratibu dakika 5 mpaka yashike mgongo wa kijiko. Kisha moto unazimwa. Unasubiri dakika 3, ndipo jibini iliyokwaruzwa inaingia, kiganja kimoja kimoja, kila kimoja kikiyeyuka kabla ya kinachofuata.

Ukiona tumeandika "moto unazimwa" kama kitu kidogo, rudia kuusoma mstari huo. Robo tatu ya matatizo yaliyo hapa chini yanazaliwa na mpishi aliyeona jibini inachelewa kuyeyuka akaongeza gesi.

Mafuta yameelea, jibini imejikunja chini

Aliyewahi kupika kwa tui la nazi anajua tui likichemshwa kwa pupa linakatika: mafuta juu, maji chini. Jibini ni jamaa yake. Ndani yake kuna wavu wa protini ulioshikilia matone ya mafuta na maji. Ukiipasha taratibu, wavu unalegea na vyote vinatiririka pamoja. Ukiipeleka kwenye mchemko, protini zinajikaza, zinajiminya kama kitambaa kinachokamuliwa, na mafuta yanatoka. Unachokiona ni dimbwi la njano juu na donge gumu kwenye mwiko.

Cheddar iliyokomaa sana inakatika upesi kuliko changa, kwa sababu wavu wake umeshachakaa na maji yake ni machache. Kwa hiyo cheddar ya bei mbaya, iliyokaa miezi mingi, si lazima iwe bora kwa kazi hii. Ladha yake ni kali na nzuri, lakini ichanganye na changa, nusu kwa nusu.

Tiba inategemea umechelewa kiasi gani. Kama mafuta yametoka lakini jibini bado ni laini ukiibonyeza:

1. Toa sufuria motoni, iweke juu ya kitambaa kibichi dakika 4 hadi 5. Usiendelee kukoroga kwa sasa.
2. Koroga kijiko 1 cha chakula cha konflawa (wanga wa mahindi) kwenye mililita 100 za maziwa baridi, kisha pika kwenye sufuria nyingine ndogo mpaka yawe mazito.
3. Mimina rojo lililokatika ndani ya hayo maziwa mazito, si kinyume chake, kijiko kikubwa kimoja kimoja, ukipiga kwa nguvu. Mwanzoni litakataa. Likishaanza kung'aa, ongeza mwendo.
4. Malizia na vipande 2 vya jibini ya kusindikwa. Ndani yake kiwandani wameshatia chumvi za kushikanisha, na chumvi hizo zinasaidia jibini nyingine iliyo kwenye sufuria. Ndiyo maana Wamarekani wengi hutengeneza rojo hili kwa jibini ya kusindikwa peke yake: ni vigumu kuikata hata ukitaka.

Blenda nayo inaokoa jahazi kwa sekunde 30, pamoja na vijiko 3 vya maziwa ya moto. Ijaze nusu tu, na mfuniko ushikwe kwa kitambaa, maana mvuke unaojibana ndani unaweza kuurusha na kukuunguza usoni.

Kama jibini imeshakuwa kama mpira wa manati na inalia ukiitafuna, hapo hakuna tiba. Ichuje, itandaze juu ya mkate uokwe, na uanze upya na kilichobaki.

Neno kwa wanaotumia mkaa. Sufuria nyepesi ya alumini juu ya jiko la mkaa lililokolea hupata joto kali mahali pamoja, katikati, hata kama pembeni pametulia. Hatua ya unga na maziwa ifanyike hapo bila wasiwasi, lakini jibini iingie sufuria ikiwa chini, sakafuni. Ukihitaji joto la kumalizia, weka bakuli juu ya sufuria ya maji ya moto yasiyochemka. Ukanda wetu wa ziwa uko karibu mita 1,134 juu ya bahari, kwa hiyo maji yanachemka kwenye nyuzi 96 hivi badala ya 100. Usidhani hilo linakulinda: jibini huanza kuleta shida karibu na nyuzi 80.

Lina chenga

Hapa watu wengi wanatibu ugonjwa wasiokuwa nao. Kabla ya kugusa chochote, chukua tone, lisugue kati ya kidole gumba na cha shahada, kisha litafune taratibu kwa meno ya mbele.

Chenga laini zinazobonyea, kama maziwa mgando yaliyochafuka, ni protini. Jibini ilipata joto sana au tindikali nyingi. Fuata tiba ya hapo juu, blenda ikiwezekana.

Chenga ngumu kidogo, zenye ladha ya ugali mbichi, ni sembe. Duka la mtaani ukiomba "unga wa mahindi wa kuzidishia" unaweza kupewa sembe, na sembe haiwezi kazi ya konflawa. Konflawa ni wanga mtupu, mweupe, ukiubana kwenye vidole unateleza na kulia kama poda. Sembe ni punje iliyosagwa. Pitisha rojo kwenye chujio la chai, zitoke, basi.

Madonge ya kuteleza, meupe katikati ukiyapasua, ni konflawa au ngano iliyotumbukizwa kavu kwenye maziwa ya moto. Nje imeiva, ndani bado unga. Chuja. Mara nyingine koroga kwanza kwenye maziwa baridi.

Na kama inasaga meno kweli, inalia krr, huo ni mchanga. Umetoka kwenye dagaa. Watu wa huku tunapenda kunyunyizia dagaa wa kukaanga juu ya rojo, na tunawaunga mkono, lakini dagaa walioanikwa chini kwenye mchanga wa ufukweni hubeba mchanga huo mpaka mezani, hata wakioshwa mara tatu. Nunua walioanikwa kwenye vichanja. Muuzaji wa soko la samaki la Mwaloni Kirumba atakuambia ukimuuliza, na bei yenyewe itakuambia. Toa vichwa na matumbo ili uchungu usiingie, kaanga mpaka wakauke kabisa, na wanyunyizie dakika ya mwisho. Rojo lililokwisha kupata mchanga hakuna chujio litakaloliokoa lote.

Ipo pia jibini inayouzwa imeshakwaruzwa kwenye mfuko. Kampuni huipaka wanga wa viazi au selulosi (unga wa nyuzi za mimea) isishikane, na unga huo ndio unaoacha rojo bila mng'ao na likiwa kama lina vumbi. Ikiwa ndiyo pekee uliyopata, punguza unga wa ngano kutoka gramu 60 hadi 45. Lakini kipande kizima na kikwaruzo cha karoti ni dakika 5 tu za kazi.

Linavutika kama bigijii

Mozzarella imezidi. Jibini hii imetengenezwa ivutike, ndiyo kazi yake kwenye piza, ila kwenye bakuli la watu 12 inaleta aibu: mtu anachovya chipsi moja, anaondoka na uzi wa nusu mita hadi kwenye kochi. Theluthi moja ya jibini yote ndiyo mwisho wake.

Kama imeshaingia, ongeza cheddar gramu 100 na kijiko 1 cha chai cha maji ya ndimu. Tindikali kidogo inakata nyuzi. Kidogo, tumesema, vijiko vitatu vitakurudisha kwenye chenga. Na acha kuzungusha mwiko kwa duara bila kukoma kama unasonga ugali. Koroga kwa umbo la nane, taratibu, jibini ikishayeyuka pumzika.

Haiyeyuki hata kidogo

Vipande vinazunguka kwenye maziwa vikiwa vizima, pembe zake zimekaa vilevile. Hiyo ni jibini iliyogandishwa kwa ndimu au siki, iwe ya kutengeneza nyumbani au paniri ya dukani. Tindikali imeondoa kalsiamu iliyofunga protini, na protini zimeshikana kwa namna ambayo joto haliwezi kuilegeza. Hata ukiichemsha mpaka dakika za nyongeza, haitayeyuka. Itoe, ikate vipande vya sentimita 2, ikaange kidogo mpaka iwe kahawia, na uiweke pembeni iwe kitu cha kuchovya.

Maziwa yamekatika kabla jibini haijaingia

Maziwa ya asubuhi yaliyozunguka na baiskeli kutoka pembezoni mwa mji, yakafika saa 6 mchana na jua la Mwanza, yanaweza kunusa vizuri na bado yakawa yameanza kuchachuka. Joto linamalizia kazi. Chemsha robo kikombe peke yake kwanza. Yakitulia, endelea na lita nzima. Yakikatika, hayo yageuze matumizi, ununue ya pakiti.

Maziwa mazito ya kopo yasiyo na sukari ni bima nzuri: mara nyingi yametiwa viimarisho vya kuyazuia yasikatike, na protini zake zimeshazoea joto. Badilisha nusu ya maziwa kwa haya, yaani makopo ya kufikia mililita 500, na punguza chumvi nyingine yote.

Nyanya mbichi na mtindi ni wakosaji wakubwa hapa. Nyanya ikatwe, itolewe mbegu, ikaangwe mpaka maji yaishe, na iwekwe juu ya rojo. Ukiimwaga ndani ikiwa mbichi, unaongeza tindikali na maji kwa mpigo mmoja.

Jepesi, zito

Usilihukumu likiwa linafuka moshi. Rojo la jibini linazidi kuwa zito kadiri linavyopoa, na linaliwa likiwa nyuzi 60 hadi 65. Chovya kijiko, geuza, pitisha kidole mgongoni: njia ya kidole ikibaki wazi, liko sawa, hata kama kwenye sufuria linaonekana kama uji wa mgonjwa. Jepesi kweli linaongezewa konflawa kijiko 1 iliyokorogwa kwenye maziwa baridi, kisha linarudi kwenye moto mdogo kabisa dakika 2, bila kuchemka. Zito linaongezewa maziwa ya moto. Maziwa baridi yanalishtua.

Chumvi imezidi

Jibini yenyewe ina chumvi ya kutosha, na sangara wa moshi akichambuliwa humo ndani analeta yake. Usitie chumvi kabisa mpaka mwisho. Ikishazidi, ongeza maziwa mililita 200 yaliyokwisha kuzidishwa kwa konflawa. Kipande cha kiazi kinachosemwa kinanyonya chumvi kinanyonya mchuzi tu, pamoja na chumvi yake. Kilichobaki kinabaki na ukali uleule.

Bila ngano: njia ya ndimu na bikaboneti

Mgeni asiyekula ngano anaweza kupata rojo laini kuliko hata la wenzake. Kamua ndimu mpaka upate mililita 60, tia kwenye sufuria yenye kina, ongeza bikaboneti (ile ya kopo dogo inayotiwa kwenye maandazi, si magadi ya mawe na si ile poda ya keki iliyochanganywa) pungufu kidogo ya kijiko cha chai, kama gramu 4. Litafoka povu jingi. Subiri litulie kabisa. Ulichonacho sasa ni chumvi ya sitrati, ambayo inaikamata kalsiamu ya kwenye jibini na kuzifanya protini zishike maji na mafuta pamoja. Ongeza maziwa mililita 100, pasha, kisha jibini gramu 200 kidogo kidogo.

Onja maji yale kabla ya kutia maziwa. Yakiwa na uchachu wa ndimu, bado tindikali ipo: ongeza bikaboneti kwa ncha ya kisu. Yakiwa na ladha ya sabuni, bikaboneti imezidi: ongeza matone ya ndimu. Usiliruke jaribio hili, hasa kama rojo lenyewe ni la upande wa Yanga. Sababu inafuata.

Rangi zimekosea timu

Upande wa Yanga umekuwa mwekundu. Hii si hujuma ya shabiki wa Simba. Rangi ya njano huja kwa bizari ya manjano, robo kijiko cha chai kwa nusu ya rojo, iliyokaangwa kwenye siagi ili isinuke dawa. Rangi ya manjano ikikutana na bikaboneti iliyozidi inageuka kahawia nyekundu, rangi ya tofali. Matone machache ya ndimu yanairudisha njano mbele ya macho yako. Ukiwa na njia ya unga wa ngano, tatizo hili hulioni kabisa.

Upande wa Simba umekuwa waridi. Umetumia maji ya biti. Ndani ya maziwa meupe biti inatoa waridi, na joto likiendelea rangi yenyewe inachakaa kuelekea kahawia. Ukimkaribisha mnazi wa Msimbazi kwenye sinia ya waridi, jiandae kusikia maneno mpaka msimu uishe. Nyekundu inayosimama inatoka kwenye nyanya ya kopo: vijiko 2 vya chakula kwa nusu ya rojo, vikaangwe kwenye kijiko 1 cha mafuta dakika 3 hadi 4 mpaka rangi ikolee na mafuta yawe mekundu, kisha paprika kijiko 1 cha chai nje ya moto. Bado itaegemea kwenye chungwa, kwa sababu cheddar nyingi zina njano yake. Kwa nusu hii tumia jibini nyeupe pekee, na tandaza juu pilipili hoho nyekundu iliyochomwa, ikamenywa na kukatwa nyembamba. Jicho linasoma kilicho juu.

Kijani kimekuwa rangi ya jeshi. Majani yamepikwa sana. Rangi ya majani inaharibiwa na joto na tindikali kwa pamoja, na rojo lina vyote viwili. Tokosa spinachi gramu 100 kwa dakika 1 tu, zitumbukize kwenye maji baridi, zikamue mpaka zisitoe tone, zisage na vijiko 3 vya maziwa, na uzichanganye dakika ya mwisho kabisa, mvuke ukiwa umepungua. Wapo wanaotia bikaboneti kwenye maji ya kutokosea ili kijani kikolee. Kinakolea kweli, lakini majani yanakuwa mlenda, na kama upande huo una manjano unajua tayari kitakachofuata.

Rangi mbili zimeingiliana. Nusu moja ni nyepesi kuliko nyingine, na siku zote nyepesi ndiyo inayovuka. Zilinganishe uzito kwanza kwa jaribio la kijiko. Kunja foili mara nne iwe ukuta, isimamishe katikati ya sinia, watu wawili wamimine kwa wakati mmoja pande zote mbili, subiri dakika 2, kisha ivute foili juu taratibu. Mpaka ukichafuka kidogo, panga juu yake mstari wa vipande vya kiazi. Kila mtu ataamini ndivyo ulivyokusudia.

Kiwanja kinazama

Kiwanja cha kawaida cha kimataifa ni mita 105 kwa 68. Sinia ya sentimita 30 kwa 20 inakaribia sana uwiano huo, na nusu ya vipimo vyetu vya msingi inaijaza kina cha sentimita 1 na nusu hivi. Kwa kipimo hicho, duara la katikati lina upana wa sentimita 5 na robo, mdomo wa glasi ndogo unatosha kulichora, na eneo la penalti ni sentimita 11 na nusu kwa 4 na robo tatu hivi. Nyasi ni giligilani iliyokatwa ndogo sana. Mistari ni mtindi mzito, unaominywa kutoka kwenye mfuko wa plastiki uliokatwa ncha.

Mistari ikizama, ama rojo bado ni la moto sana na jepesi, ama mtindi una maji. Uchuje mtindi kwenye kitambaa safi ndani ya friji kwa muda wa saa 4, na uchore rojo likiwa limeshaanza kuweka ngozi nyembamba juu. Mayonesi inashawishi kwa sababu ni nyeupe na nzito, lakini joto linaikata, na baada ya dakika 10 mstari wa goli unakuwa mkufu wa matone ya mafuta. Nyasi zikiacha vidimbwi, giligilani ilikuwa na maji: ifute kwa kitambaa kabla ya kuikata, usiikate ikiwa mbichi kutoka kwenye beseni.

Usipambe mapema. Timu zikiwa zinapasha misuli ndipo wewe unachora.

Kipindi cha pili limeganda, lina utando, limeungua chini

Mechi pamoja na mapumziko inakaribia saa 2, na huo ndio muda ambao chakula cha maziwa kisizidi kukaa nje ya joto. Kwa hiyo usiweke rojo lote mezani. Nusu iende kwenye sinia, nusu ibaki kwenye hotipoti kwa ajili ya mapumziko. Hotipoti ijazwe maji yanayochemka dakika 10 kabla, yamwagwe, ifutwe, ndipo rojo liingie. Ukimimina kwenye hotipoti baridi, inakunyang'anya joto lote la mwanzo. Umeme ukikatika katikati ya mechi, hii ndiyo itakayokuwa bado na kitu cha moto.

Jiko la wali la umeme likiwekwa kwenye kulinda joto linafaa pia, ila libaki wazi kidogo na likorogwe kila dakika 10, kwa sababu sehemu ya chini ina joto zaidi. Jiko la mkaa lifunikwe majivu, na bakuli likae ndani ya sufuria ya maji ya moto, siyo juu ya mkaa moja kwa moja.

Utando wa juu ni maji yaliyokauka na protini zilizoshikana. Ukiukoroga ndani unapata nyuzi na vipande. Uondoe kwa kijiko, au uuzuie kwa kumwaga vijiko 2 vya maziwa ya moto juu bila kukoroga mpaka wakati wa kuandaa.

Likinuka kuungua, usikwangue chini. Mimina la juu kwenye chombo kingine, acha ganda lililoshika sufuria hukohuko. Onja. Harufu ikiwa imeshapanda, pilipili ya kukaanga na bizari ya pilau nusu kijiko zinaifunika kidogo. Kidogo tu, na mwenye pua ataijua.

Chipsi zimelegea

Chipsi za moto zikifunikwa zinajitokosa kwa mvuke wake. Zitandaze kwenye karatasi, bila kufunika. Kripsi nyembamba zinavunjikia ndani ya rojo zito, na baada ya kipindi cha kwanza bakuli linakuwa makaburi ya kripsi, chagua nene. Muhogo uchemshwe kwanza, ukatwe, ukaushwe, ndipo ukaangwe, la sivyo nje unaungua ndani ukiwa mgumu. Chapati ya jana iliyokatwa pembe tatu na kukaushwa kwenye kikaango kikavu dakika 3 kila upande ni nzuri kuliko mkate. Sangara akatwe sentimita 3, afutwe maji kabla ya unga, na apewe kijiti, maana akichovywa kwa mkono nusu yake inabaki kwenye rojo. Michembe, vile vipande vya viazi vitamu vilivyokaushwa, iacheni na karanga zake. Kuchovya kwenye jibini ni kuionea.

Rojo lililobaki kwenye hotipoti, si lile la sinia lililochovywa na mikono 12, lipoe upesi kwenye chombo kipana na liingie friji. Linakaa siku 3. Kulipasha, kata donge vipande, weka juu ya sufuria ya maji ya moto na vijiko 2 vya maziwa, koroga likianza kulegea tu.